Jaji Anaposema "Sina Mamlaka"

Hakuna uamuzi unaowaudhi watu mahakamani kama huu: shauri linaondolewa kwa kuwa mahakama haina mamlaka ya kulisikiliza. Mdai amelipa ada, ameleta mashahidi, amehudhuria tarehe baada ya tarehe, kisha anarudishwa nyumbani bila kuambiwa hata neno moja kama madai yake ni ya haki au la. Wengi huondoka wakiamini hakimu amekula rushwa au wakili wa upande wa pili amecheza na vifungu. Sisi tunaotoa msaada wa kisheria tunalizoea lalamiko hilo, na jibu letu halipendwi: mara nyingi hakimu huyo amefanya jambo pekee aliloruhusiwa kufanya.

Mwaka 1989 Mahakama ya Rufani ya Kenya iliamua shauri lililohusu meli iitwayo Lillian S. Humo Jaji Nyarangi alisema kwamba mamlaka ndiyo kila kitu; bila mamlaka mahakama haina uwezo wa kupiga hatua moja zaidi, na papo hapo inapobaini kuwa haina, huweka vifaa vyake chini. Mawakili wa Afrika Mashariki wameyanukuu maneno hayo hadi yamekuwa kama salamu. Bado uzito wake uko palepale. Hukumu iliyotolewa bila mamlaka ni batili hata kama jaji amepima ushahidi vizuri, hata kama kila mtu ukumbini anakubali kwamba aliyeshinda alistahili kushinda.

Mamlaka hayo hutoka kwenye katiba au kwenye sheria iliyotungwa. Hayatoki kwenye busara ya jaji, wala kwenye makubaliano ya wadaawa, yaani pande zinazoshtakiana. Jambo hili la pili huwashangaza watu. Wanauliza: ikiwa mimi na mwenzangu tumekubali hakimu huyu atuamulie, tatizo liko wapi? Liko hapo kwamba wadaawa hawawezi kumpa hakimu kitu ambacho wao wenyewe hawana. Kwa sababu hiyo pingamizi la kukosekana kwa mamlaka linaweza kuibuliwa hata kwenye rufaa ya mwisho, na majaji wanaweza kuliibua wenyewe pasipo kuombwa na yeyote, mradi wawape pande zote nafasi ya kulizungumzia. Kuhusu mipaka ya eneo, sheria nyingi ni laini zaidi: usipolalamika mapema kwamba shauri limefunguliwa wilaya isiyo yake, na hujaumia kwa hilo, baadaye hutasikilizwa.

Eneo, thamani ya kinachogombaniwa, muda, na aina ya mgogoro ndiyo mipaka ambayo mwananchi hukutana nayo kwanza. Kuhusu thamani nitasema moja tu. Wapo wanaojaza fidia ya jumla (ile isiyo na hesabu kamili, kama ya maumivu na usumbufu) kwenye hati ya madai ili shauri dogo lionekane kubwa na kupanda mahakama ya juu. Haisaidii. Mahakama ya Rufani ya Tanzania imekwisha kusema kwamba kinachopimwa ni dai lenyewe la msingi. Fidia ya jumla hukadiriwa na mahakama, kwa hiyo haiwezi kuwa ndiyo inayoipa mahakama hiyo uwezo.

Aina ya mgogoro ndiyo yenye mitego mingi, kwa sababu huku hata majaji wamenaswa. Katiba ya Kenya ya mwaka 2010 iliagiza kuundwa kwa mahakama mbili maalumu, moja ya kazi na ajira, nyingine ya mazingira na ardhi, na kuzipa hadhi sawa na ya Mahakama Kuu. Baadaye, kesi zilipolundikana, majaji wa mahakama hizo maalumu wakapangiwa kusikiliza rufaa za jinai. Nia ilikuwa njema: wafungwa walikuwa wanasubiri, na majaji wapo. Lakini rufaa moja ilipofika Mahakama ya Rufani mwaka 2015, na kisha Mahakama ya Juu mwaka 2017, jibu likawa lile lile: hadhi sawa si mamlaka sawa. Jaji aliyeteuliwa kwa ajili ya migogoro ya ardhi hawi jaji wa jinai kwa kupangiwa ratiba. Walioumia ni watu waliokuwa gerezani, ambao rufaa zao zilihesabiwa kama hazikuwahi kusikilizwa. Binafsi naona uamuzi ulikuwa sahihi na gharama yake ilikuwa kubwa, na si haki kuufundisha bila kuitaja gharama hiyo.

Mipaka ya muda kwa kawaida humbana mdai. Ipo pia inayoibana mahakama yenyewe. Nchini Kenya, pingamizi dhidi ya uchaguzi wa rais hufunguliwa ndani ya siku 7 baada ya matokeo kutangazwa, na Mahakama ya Juu lazima iamue ndani ya siku 14 tangu shauri kufunguliwa. Ndiyo maana mwaka 2017 majaji walitangaza uamuzi wao kwa kifupi tarehe 1 Septemba, na sababu kamili zikafuata tarehe 20. Uamuzi huo unaonyesha na mpaka mwingine, ule wa nafuu, yaani kile ambacho mahakama inaweza kumpa aliyeshinda. Mahakama ilifuta ushindi uliokuwa umetangazwa, lakini haikumtangaza mgombea mwingine kuwa rais. Iliamuru uchaguzi urudiwe ndani ya siku 60, kwa kuwa hicho ndicho Katiba ilichoiruhusu. Katika mashauri ya kawaida ni hivyo hivyo: mdai aliyeomba kodi ya pango hapewi nyumba, hata kama hakimu anamwonea huruma.

Hadi hapa tumezungumzia mgawanyo wa kazi baina ya mahakama na mahakama. Ugumu huanza pale mahakama inapokaa uso kwa uso na bunge au serikali, na sidhani kuna mfano unaofundisha zaidi ya suala la mgombea binafsi nchini Tanzania.

Mchungaji Christopher Mtikila alikwenda Mahakama Kuu kupinga sharti kwamba mgombea lazima adhaminiwe na chama cha siasa. Mwaka 1994 alishinda. Bunge likabadilisha Katiba yenyewe ili sharti hilo lisimame. Alifungua shauri tena, na mwaka 2006 Mahakama Kuu ikampa ushindi kwa mara ya pili. Serikali ikakata rufaa, na mwaka 2010 Mahakama ya Rufani, ikiwa na majaji saba, ikasema kwamba mahakama haina uwezo wa kubatilisha ibara ya Katiba, na kwamba suala la mgombea binafsi ni la kisiasa ambalo Bunge ndilo la kuliamua. Mtu anaweza kuusoma uamuzi huo kama unyenyekevu wa mahakama inayojua mwisho wa uwanja wake, au kama mahakama iliyokwepa. Nimesikia mawakili wazuri wakitetea kila upande.

Mtikila hakuishia hapo. Alikwenda Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu, yenye makao yake Arusha, na mwaka 2013 mahakama hiyo ikaamua kwamba Tanzania imekiuka haki yake ya kushiriki katika uendeshaji wa nchi yake, uhuru wa kujumuika na haki ya kutobaguliwa. Tazama kwa makini ilichofanya. Haikuifuta ibara ya Katiba ya Tanzania, maana haina uwezo huo. Ilipima mwenendo wa nchi kwa kipimo cha Mkataba wa Afrika ambao Tanzania iliuridhia, ikaitaka nchi ichukue hatua za kikatiba na kisheria kuondoa ukiukwaji. Na hata mlango aliopitia haukudumu: mtu binafsi huweza kufika moja kwa moja mbele ya mahakama hiyo iwapo tu nchi yake imetoa tamko la kuruhusu, na Tanzania ililiondoa tamko lake Novemba 2019.

Nchi nyingine zimeuchora mstari huu mahali tofauti. Mahakama ya Juu ya India iliamua mwaka 1973, kwa majaji 7 kati ya 13, kwamba bunge linaweza kurekebisha katiba ila si kuvunja muundo wake wa msingi, na mahakama ndiyo italinda muundo huo. Mwaka 2022 majaji wengi wa Mahakama ya Juu ya Kenya waliikataa nadharia hiyo kwa mazingira ya Katiba yao.

Yapo makosa mawili hapa, na yote mawili ni mabaya. Moja ni mahakama kujichukulia uwezo isiopewa. Jingine, ambalo halizungumzwi sana, ni mahakama kukimbilia "hatuna mamlaka" wakati inayo. Mahakama ya Haki ya Afrika Mashariki ilijaribiwa hivyo katika shauri la Katabazi. Novemba 2005, Mahakama Kuu jijini Kampala ilitoa dhamana kwa washtakiwa waliotuhumiwa kwa uhaini. Watu wa usalama wenye silaha wakaizingira mahakama, na washtakiwa, wakiwa na amri ya dhamana, wakarudishwa gerezani. Walipolalamika mbele ya mahakama ya Jumuiya, walipingwa kwa hoja kwamba mahakama hiyo haijapewa mamlaka juu ya haki za binadamu. Hoja hiyo ilikuwa na msingi: mkataba ulioanzisha Jumuiya ya Afrika Mashariki unasema mamlaka hayo yatatolewa kwa itifaki ya baadaye. Mwaka 2007 majaji wakakubali kwamba hawaamui migogoro ya haki za binadamu, lakini wakakataa kuacha kazi yao ya kutafsiri mkataba eti kwa sababu tu ndani ya malalamiko mna haki za binadamu. Mkataba huo unazitaka nchi wanachama kuheshimu utawala wa sheria, na kuizingira mahakama kwa bunduki ni kuukiuka. Huo ni ustadi wa kusimama ukingoni mwa mpaka bila kuuvuka wala kuukimbia.

Mpaka mwingine usiojulikana sana humhusu hakimu aliyekwisha kutoa hukumu. Akishaisoma na kuitia saini, mikono yake imefungwa. Anaweza kusahihisha makosa ya uandishi au hesabu, na sheria huruhusu marejeo, yaani kuipitia upya hukumu yake mwenyewe, kwa sababu chache mno, kama vile kugundulika kwa ushahidi mpya ambao usingeweza kupatikana awali kwa juhudi za kawaida. Zaidi ya hapo hana la kufanya. Barua za kumwomba "abadilishe kidogo" hazina mahali pa kwenda isipokuwa kwenye jalada. Njia ni rufaa, na siku za kukata rufaa zinaendelea kuhesabiwa wakati barua inasubiri kujibiwa.

Ikiwa shauri lako limekwama kwa sababu hii, soma kwanza amri inasemaje. Shauri lililoondolewa kwa kukosa mamlaka kwa kawaida halijaamuliwa, na unaweza kulifungua upya panapostahili. Lililotupiliwa mbali baada ya kusikilizwa ni jambo jingine, hilo unalikatia rufaa. Kisha angalia ukomo wa muda, yaani siku ya mwisho ambayo sheria inakuruhusu kufungua shauri. Sheria za ukomo za nchi kadhaa, Tanzania na India zikiwemo, huruhusu muda uliotumika kwenye mahakama isiyo na mamlaka uondolewe katika hesabu, kwa sharti kwamba mdai alikuwa na nia njema na aliendesha shauri lake kwa bidii. Bidii hiyo huthibitishwa kwa nyaraka: tarehe ya kufungua shauri la kwanza, mwenendo wake, na nakala ya amri iliyoliondoa ikiwa na muhuri wa mahakama. Nakala hiyo iombe masjala kwa maandishi siku ile ile amri inaposomwa, na ubaki na kopi ya barua yako iliyogongwa muhuri wa kupokelewa.