Kadenge bila mpira

Utotoni, kule Maragoli, ukigusa tu mpira wa juala ulisikia mtu kando ya uwanja akipaza sauti: "Kadenge na mpira!" Hakuna mtoto hata mmoja kati yetu aliyewahi kumwona Joe Kadenge akicheza. Sentensi ile tuliirithi kwa wazazi, nao waliipata redioni kwa mtangazaji Leonard Mambo Mbotela. Kadenge alikuwa wa kwetu Vihiga. Alichezea Maragoli United, kisha Abaluhya, timu iliyoundwa mwaka 1964 ambayo leo tunaiita AFC Leopards, na akaichezea Kenya enzi za Kombe la Gossage, mashindano ya nchi za Afrika Mashariki. Alipofariki Julai 2019, akiwa na miaka 84, jina lake na mpira vilikuwa bado havijaachana.

Nami nilikuwa straika. Siku hizi nafundisha mastraika vijana hapa Kisumu. Naipenda sentensi ile, lakini imenipa kazi nyingi. Mtoto anayeisikia anaamini kwamba fowadi ni yule mwenye mpira. Simlaumu mtangazaji. Redio haina macho, lazima iandamane na gozi. Ila jina la mfungaji linapotajwa, sehemu kubwa ya kazi yake huwa imeshakwisha, tena ilifanyika wakati mtangazaji anamtaja mtu mwingine.

Nina saa ya kupimia mbio ambayo huitumia vibaya. Namchagua fowadi mmoja, naibonyeza mpira ukimfikia, naibonyeza tena ukimtoka, hadi mechi iishe. Kwa vijana wangu, jumla huwa haifiki dakika mbili katika tisini. Dakika zile nyingine zote ndizo ninazofundisha.

Anza na beki wa kati, maana yeye ndiye mwalimu halisi. Shida yake ni moja: macho yake yako mbele. Krosi ikiwa inatoka kulia kwake, na wewe umesimama mbele yake upande huohuo wa kulia, umemrahisishia, anaona mpira na wewe pamoja. Rudi nyuma ya bega lake la kushoto. Sasa hana budi kuchagua. Akigeuka kukutafuta, mpira umempotea. Akiurudia mpira, wewe umempotea. Ile sekunde anapourudia ndiyo mshahara wetu.

Halafu kuna hatua za uongo. Ukitaka mlingoti wa mbali, nenda kwanza wa karibu, hatua mbili tatu, kwa nguvu, kama mtu anayemaanisha. Beki akikufuata, unakata kurudi nyuma ya mgongo wake. Vijana wengi hushindwa hapa kwa sababu wanadanganya nusunusu. Beki mzoefu haamini mwendo wa polepole.

Na saa ya kuondoka? Usiutazame mpira, mtazame winga. Akiwa bado ameinua kichwa anatafuta, tulia. Akiinamisha kichwa kutazama mguu wake, anapiga sasa hivi, ondoka. Ukingoja mpira utoke mguuni, umechelewa. Ukiondoka kabla ya kichwa kuinama, utafika ndani ya boksi na kusimama, na fowadi aliyesimama mbele ya lango ni mlingoti wa tatu. Lango lina upana wa mita 7.32, beki na kipa wanajua kila inchi yake. Anayefika akiwa mwendoni anawapunguzia muda wa kuhesabu.

Wazee wana haki ya kujigamba kidogo katika jambo hili. Hadi mwaka 1990, fowadi aliyekuwa sambamba na beki wa mwisho alihesabiwa ameotea. Ndipo sheria ikabadilishwa, aliye sambamba yuko salama. Kwa hiyo Kadenge na wenzake walianza kila mbio hatua moja nyuma ya wanangu, kwenye viwanja vya mabonde, kwa mpira wa ngozi uliokunywa maji ukiwa mzito kama mtungi. Nikiwaeleza vijana hili wananitazama kama ninayesimulia habari za mazimwi.

Mimi mwenyewe sikufundishwa na kocha. Miaka ya tisini nilichezea timu ya kiwanda kimoja cha sukari huku magharibi. Asubuhi zamu ya kazi, jioni mazoezi, na ukifunga mabao zamu za usiku zinakupitia mbali. Kulikuwa na beki mmoja mzee aliyenikaba kila jioni kwa msimu mzima nisipate kitu. Siku moja tukivua njumu akaniambia, "Kijana, wewe unakuja na tarumbeta. Nakusikia kabla sijakuona." Nikamuuliza basi ni fowadi gani anayemsumbua. Akasema, yule ambaye yeye mwenyewe anamsahau. Maneno hayo nilikaa nayo mwaka mzima. Msimu uliofuata alianza kunivuta jezi, nikajua nimepona.

Goti lilipokataa nikasomea leseni ya ukocha ya daraja la D, nikapewa kipenga na koni. Nilidhani kazi ni nyepesi, niliyajua yote. Kumbe niliyajua kwa miguu. Msimu wa kwanza nilikuwa napiga kelele neno moja tu, "Ingia! Ingia!" mpaka sauti ikakauka. Kijana mmoja akasimama katikati ya mazoezi, akageuka kwa adabu zote. "Kocha, niingie wapi, na saa ngapi?"

Sikuwa na jibu. Miaka yote ile niliingia kwa sababu mwili uliona ni wakati, na sikuwahi kuuliza mwili uliona nini. Usiku huo nilikaa na karatasi, nikayakumbuka mabao yangu moja moja, nikiuliza: beki alikuwa anatazama wapi? Winga alikuwa amefanya nini na kichwa chake? Habari za bega na kichwa nilizowaandikia hapo juu zilitoka kwenye karatasi hiyo, si darasani. (Leseni ilinifundisha mengine yenye faida, kama kupanga zoezi ili watoto kumi na wanane wasisimame foleni kungoja shuti moja.)

Ndiyo maana huwa namfikiria Kadenge wa mwaka 2002 kuliko yule wa redioni. Mwaka huo alikabidhiwa Harambee Stars, timu ya taifa, kama kocha, umri wake ukiwa umepita sitini na mitano. Fikiria fowadi wa miaka ishirini na miwili anayefundishwa na mtu ambaye jina lake limekuwa msemo. Ukipiga chenga ikakubali, unaitwa yeye. Nchini mwetu tunapenda kumpa timu aliyefunga sana, kana kwamba mabao huambukiza. Kufunga ni ufundi mmoja, kueleza ni mwingine, na anayevuka kutoka huku kwenda kule anaanza upya kama mtoto wa nasari, hata awe nani.

Desemba 1987 nilikuwa na miaka kumi na miwili. Nyumbani kwetu ni Ingwe, yaani AFC Leopards, tangu babu, lakini jioni ile hata baba alitega sikio wapinzani wetu Gor Mahia walipocheza fainali ya Kombe la Washindi barani Afrika na Espérance ya Tunisia kule Kasarani. Sare ya 2-2 Tunis, sare ya 1-1 nyumbani, kombe likabaki Kenya kwa mabao ya ugenini. Peter Dawo wa Gor alimaliza mashindano hayo akiwa mfungaji bora, mabao 10. Tulipiga kelele jina lake hadi mbuzi wakakata kamba. Leo ningependa mtu anisimulie sekunde nne zilizotangulia kila bao: alisimama bega gani, alimdanganya nani kwanza.

Jumamosi iliyopita nilikuwa na mechi ya vijana wa chini ya miaka kumi na tano. Baba wa namba tisa wangu alikuwa kando ya uwanja tangu dakika ya kwanza: "Mpeni mpira! Mpeni Kadenge mpira!" Mwanawe alikimbia mlingoti wa karibu mara tatu, hakupewa. Mara ya nne mabeki wawili walimfuata, krosi ikawapita wote, namba kumi akafunga akiwa peke yake. Nikamkumbatia namba tisa.

"Lakini kocha, huyu hakugusa mpira," mzee akalalamika.

Nikampa saa yangu, nikamwonyesha pa kubonyeza, nikamwomba ampime mwanawe mechi ya pili yote. Ilikuwa ya dakika sabini. Mvua ya ziwani ilitukuta dakika za mwisho, mwamuzi akamalizia haraka. Nikiwa nakusanya koni mzee akaja mbio, ameifunika saa kwa kofia isilowe. Ilisoma dakika moja na sekunde kumi na mbili.

"Kocha, pole," akaniambia. "Nadhani nimeiharibu."