Kufuli mbili kwenye mlango wa hekalu

Zilikuwa zimebaki siku nne Navaratri, sikukuu ya Kihindu, ianze, wazee watatu walipoingia ofisini kwangu na bahasha ya kaki. Ndani mlikuwa na hati miliki iliyochanika kwenye mikunjo, cheti cha wadhamini, na picha ya mlango wa hekalu ukiwa na kufuli mbili. Kila upande umefunga ya kwake.

"Wakili," akasema mkubwa wao, "hekalu ni letu, babu zetu ndio waliojenga. Tangu juzi mungu hajaogeshwa wala hajapewa chakula."

Nimeshughulikia migogoro ya nyumba za ibada hapa Dar es Salaam, ya makanisa, misikiti na mahekalu, na kila mara nakuta maswali mawili yamefungwa fundo moja. Kiwanja ni cha nani? Nani ana haki ya kufanya ibada humo?

La kwanza linajibiwa na karatasi. Bodi ya wadhamini ikishasajiliwa RITA, wakala wa serikali wa usajili na udhamini, chini ya Sura 318, sheria ya kusajili wadhamini, inakuwa mtu kisheria: inamiliki, inashtaki, inashtakiwa. Mwenyekiti, pujari (kuhani wa Kihindu), imamu, mchungaji, hata aliyechangia saruji, hakuna mwenye kiwanja kati yao. Kwenye cheti cha wazee wale, wadhamini wawili walishafariki na mmoja alihamia Leicester miaka mingi iliyopita. Nafasi hazikuwahi kujazwa. Hapo wakili wa upande wa pili hagusi habari za hekalu. Analeta pingamizi la awali na kuuliza nani amewatuma. Shauri linaweza kufutwa kabla neno ibada halijatamkwa. Inaniuma kila ninapoliona, kwa sababu kujaza nafasi hizo wakati wa amani ni kazi ndogo sana.

La pili ndilo zito. Mwaka 1925 rufaa ya familia ya Mullick wa Calcutta, India, iliamuliwa London, maana India ilikuwa bado chini ya Waingereza. Ndugu walikuwa wakipokezana zamu za kumhudumia mungu wa ukoo, na mmoja akataka zamu yake ikifika aihamishie sanamu ya mungu huyo nyumbani kwake. Majaji walikataa kuiona kama chombo tu cha kumilikiwa. Walisema ni mtu kisheria, matakwa yake kuhusu mahali pa kukaa yaheshimiwe, na apewe mwakilishi asiye na maslahi katika ugomvi. Ni fikra hiyo hiyo iliyomwezesha Ram Lalla, mungu Rama katika umbo la mtoto, kuwa mdai katika kesi ya kiwanja kilichogombaniwa huko Ayodhya, India, na tarehe 9 Novemba 2019 akapewa ushindi wa ekari 2.77.

Hapa kwetu anayesimama na hati ni bodi. Lakini Sheria ya Mwenendo wa Madai ya India ya 1908 ilitumika hapa mpaka tulipotunga yetu mwaka 1966, na Amri ya 1 kanuni ya 8 ipo kwao na kwetu: waumini wachache wanaweza kushtaki kwa niaba ya wenzao, mahakama ikiruhusu. Ndiyo njia tuliyoishika. Haki ya kuabudu ni ya muumini, na ibara ya 19 ya Katiba inailinda hata kama bodi imelala.

Tukaomba zuio la muda. Tangu kesi ya Atilio dhidi ya Mbowe, 1969, mahakama hutazama mambo matatu: kama kuna hoja ya msingi ya kuamuliwa, kama mwombaji atapata hasara isiyofidika kwa fedha, na nani ataumia zaidi. Niliegemea la pili. Navaratri ni usiku tisa; ukishapita, hakuna fidia itakayourudisha.

Hatukufika kwenye usikilizwaji. Nilikaa na wakili mwenzangu tukaandika nusu ukurasa: kufuli zote zitoke, pujari aendelee na aarti, ibada ya taa, asubuhi na jioni, kila upande uandae garba, ngoma ya Navaratri, usiku nne, wa tisa wakeshe pamoja, na lolote lililomo lisiwe ushahidi wa umiliki. Mahakama ikaisajili kuwa amri.

Kesi ya kiwanja hatujaifungua. Kwanza majina ya wadhamini wapya yafike RITA.