Halijoto haibadiliki, lakini joto linaingia

Mtaani neno "joto" linabeba vitu viwili. "Leo kuna joto" ni habari ya nyuzi. "Joto la jiko" ni nishati inayotoka motoni kuingia kwenye sufuria. Fizikia huvitenganisha: joto ni nishati inayohama, halijoto (Tanzania wengi husema jotoridi) ni kile kinachosomwa kwenye kipimajoto. Ukivichanganya, gesi inayotanuka itakutesa.

Dhana: halijoto ikibaki ileile, hakuna joto lililoingia.

Kinyume chake. Zamisha silinda yenye pistoni kwenye beseni kubwa la maji ya nyuzi 27. Gesi inasukuma pistoni taratibu, na kusukuma ni kufanya kazi. Isingepokea chochote, ingetumia akiba yake ya ndani na kupoa. Lakini maji yanairudishia kila jouli (kipimo cha nishati) inayotoka, ndiyo maana halijoto haisogei. Kwa gesi bora, ile ya mahesabu ambayo molekuli zake hazivutani, joto lililoingia ni sawasawa na kazi iliyofanyika.

Ondoa maji, funika silinda kwa kitu kisichopitisha joto, kisha gesi ya heli itanuke polepole hadi ujazo wake uwe mara mbili: kutoka kelvini 300 (nyuzi 27 zilezile) itashuka hadi karibu 189, yaani nyuzi 84 chini ya sifuri.

Dhana: kazi ni kanieneo (nguvu ya gesi kwa kila eneo) mara badiliko la ujazo, basi.

Hapa alama nyingi za mtihani hupotea. Kanuni hiyo ni halali pale tu kanieneo isipobadilika. Robert Boyle alishaeleza mwaka 1662 kwamba ujazo ukiongezeka mara mbili, halijoto ikiwa ileile, kanieneo hupungua kwa nusu. Uikokotoe kazi kwa kanieneo ipi? Kwa moli moja (kipimo cha idadi ya molekuli) ya gesi bora kwenye kelvini 300, ujazo ukiongezeka mara mbili, kanieneo ya mwanzo inakupa jouli 2,494, ya mwisho 1,247. Zote mbili si sahihi. Kwa kuwa kanieneo hushuka hatua kwa hatua, unazidisha 2,494 kwa logi asilia ya 2, ambayo ni 0.693, unapata jouli 1,729.

Dhana: gesi ikitanuka lazima ifanye kazi.

Mwaka 1845 James Joule aliunganisha vyombo viwili vya shaba ndani ya maji, kimoja kikiwa na hewa iliyoshindiliwa, kingine kitupu. Akafungua bomba. Hewa ilijaa pote, na maji hayakubadilika halijoto. Hapakuwa na kitu cha kusukumwa, kwa hiyo kazi ilikuwa sifuri. (Vipimo vya baadaye vilionyesha kuwa gesi halisi hupoa kidogo, kwa sababu molekuli zake huvutana.)

Na ule mtungi wa jikoni unaopoa ukiutumia kwa kasi? Usiusingizie utanukaji. Ndani yake mna kimiminika. Kinapogeuka gesi hunyonya joto kutoka kwenye chuma.

Dhana: basi tumepata mashine inayogeuza joto lote kuwa kazi.

Kwa mkupuo mmoja, ndiyo. Ila pistoni imefika mwisho wa silinda, na mashine haiishii kwenye mkupuo mmoja. Ukiirudisha polepole ndani ya maji yaleyale ya nyuzi 27, utalipa jouli 1,729 zilezile.