Makato ya Nyumba Si Akiba Yako

Wiki hii tena. Mtu anaketi mbele ya meza yangu ya mikopo hapa sacco (chama cha akiba na mikopo), Malindi, anaikunjua pesilipi, karatasi ya mshahara wake, anaweka kidole kwenye mstari wa makato ya nyumba na kuniambia malipo ya awali ya kununua nyumba yashapatikana, serikali inamwekea. Haikuwekei kitu, ndugu yangu.

Ile asilimia 1.5 ya mshahara wako, na 1.5 ya mwajiri, ni kodi. Inakusanywa chini ya Sheria ya Nyumba za Gharama Nafuu ya 2024 ili nyumba zijengwe, na haina jina la mtu. Ukiacha kazi hairudi, ukitaka nyumba haihesabiwi. Iliyo yako ni akiba unayoweka mwenyewe kwa hiari kwenye Boma Yangu, mtandao wa serikali wa nyumba hizo. Na hata hayo makato yangekuwa yako, mshahara wa 60,000 hukatwa 900 kwa mwezi. Kufikisha 200,000 za kuanzia nyumba ya milioni 2 ungengoja zaidi ya miaka 18.

Akishanuna kidogo, huja la pili: "Basi nikopesheni nyinyi sacco hizo laki mbili, benki imalizie." Hapa ndipo presha hunipanda. Sheria ya Ajira inataka ubakiwe na angalau theluthi ya mshahara baada ya makato yote. Laki mbili kwa asilimia 1 kwa mwezi, salio likipungua, miaka mitatu, ni kama 6,640 kila mwezi. Benki ikitazama pesilipi inakuta hizo zishaliwa. Sasa chukua 6,640 hizo hizo, uziweke kwenye mkopo wa nyumba wa miaka 20 kwa asilimia 9.5: zingebeba deni la kama laki saba. Yaani umekopa mbili, ukajipunguzia uwezo wa saba! Na wadhamini wako hapa sacco, akiba zao zimefungwa mpaka umalize kulipa. Mwenye mshahara mpana haimuumizi. Wengine nawaambia wamalize deni letu kwanza, ndipo waende benki, na wananiona mchoyo.

Pensheni je? Tangu 2020 waruhusiwa kutumia hadi asilimia 40 ya mafao yako, isizidi milioni 7, kununua nyumba ya kuishi. Karatasini yapendeza. Mimi husita. Mfanyakazi wa hoteli wa miaka 45, kazi yenyewe ya msimu, akinitaka ushauri sina hakika kama namsaidia au namsogezea shida uzeeni.

Asiyetaka riba ana musharaka, ubia wa benki za Kiislamu: benki ina fungu lake, nawe lako, unalinunua la benki kidogo kidogo huku ukililipia kodi ya pango. Lakini fungu lako la mwanzo litoke mfukoni. Wengi hudhani halitakiwi.

Msaada ninaoupenda ni wa dada aliye Saudia, mradi iwe zawadi kweli, kwa barua yenye sahihi. Mkinong'onezana kwamba utamlipa, hilo ni deni, na pesilipi isipolionyesha, tumbo lako litalionyesha.

Na kabla ya yote hayo, niambie nyumba imesimama kwenye ardhi ya nani. Nyumba nyingi za mitaa ya zamani huku pwani zauzwa bila ardhi: kuta zako, kiwanja cha mtu mwingine, nawe wamlipa kodi ya ardhi. Benki haishiki kuta kuwa dhamana. Hapo usiniulize malipo ya awali. Tafuta pesa yote taslimu, mashahidi wa mtaani, na maandishi ya mwenye kiwanja kwamba amekukubali.