Mandragora ni mmea gani, na mbona si ile ochok (tunguja) ya kando ya barabara

Wikendi iliyopita binamu yangu alikuwa kwangu hapa Kisumu anacheza gemu kwa simu, zile za ulimwengu wa kubuni wenye mazimwi na wachawi, akafika mahali anatakiwa kuchimba mzizi fulani na kabla aguse gemu ikamwambia azibe masikio kwanza. Akaniangalia akasema, "Omera, huu mti unapiga nduru kweli ama wametunga tu?" Nilijaribu kumjibu haraka nikashindwa, kwa hivyo wacha nieleze hapa polepole, hii stori naipenda sana.

Huo mmea ni mandragora, kwa kizungu utaona mandrake. Kwa stori za fantasia ni mmea ambao mzizi wake ni kama mtu, una mikono na miguu na wakati mwingine hata uso, umelala chini ya udongo, na ukiung'oa unapiga nduru ya kuua, ama kama una bahati unazimia tu, ama unarukwa na akili. Lakini watu bado wanautafuta, kwa sababu ukishaupata unavunja laana, unatengeneza dawa ya mapenzi, unasaidia mwanamke aliyekosa mtoto. Kila mtunzi anaongeza yake lakini sura ya mtu na ile nduru huwa hazikosi.

Sasa kitu ambacho wengi hawajui ni kwamba mandragora ipo. Si ya kubuni. Jina lake la kisayansi ni Mandragora officinarum na inamea nchi za kando ya bahari ya Mediterania. Majani yake mapana yanalala chini kabisa kama sukuma imekanyagwa, maua ya zambarau, matunda ya manjano, na mzizi mnene unaoingia ndani sana na mara nyingi unagawanyika mara mbili kama miguu. Familia yake ni moja na nyanya, viazi, pilipili na hata osuga (mnavu) tunayopika hapa.

Na kwa Biblia ya Kiswahili iko, ni vile tu hukuitambua. Mwanzo sura ya 30, Reubeni anaokota tunguja shambani wakati wa mavuno ya ngano anampelekea mamake Lea, halafu Raheli anazitamani mpaka anakubali Yakobo alale kwa Lea usiku huo ndio apewe. Dani, yaani bibi yetu, akitusomea hiyo sura tulikuwa tunashangaa sana, kwa sababu tunguja tunayoijua ni ile ya miiba yenye vitunda vya duara vinavyogeuka manjano, Wajaluo wanaita ochok, ukienda Nakuru utasikia mutongu kwa Wakikuyu na labotwet kwa Wakalenjin, wengine wanaita ndulele. Nani atagombania ochok? Inamea kila mahali na ng'ombe hata haiangalii. Jibu ni kwamba Reubeni aliokota mandragora, ambayo watu wa zamani waliamini inafungua tumbo la mwanamke, na mimi naona watafsiri walichukua tu jina la jamaa yake wa karibu tuliye naye huku. Familia ni moja lakini ni mimea miwili tofauti, kwa hivyo tafadhali mtu asichemshe ochok akidhani ni ile ya Raheli, ochok ina sumu yake.

Hatari ya mandragora yenyewe sasa. Ndani yake kuna kemikali zinazoitwa atropini, hayosiamini na skopolamini. Mtu akiila mdomo unakauka kabisa, mboni za macho zinapanuka, moyo unakimbia, halafu anaanza kuona vitu havipo na kuongea na watu wenye hawako, na ikizidi anazimia na anaweza kufa. Sasa rudi usome zile hadithi za kurukwa na akili. Watu wa zamani hawakuwa wajinga, walikuwa wanaeleza kitu waliona kwa macho, ni vile tu walisema ni uchawi kwa sababu hakuna aliyejua atropini. Na faida yake pia waliijua, daktari Mgiriki Dioscorides aliandika karne ya 1 kwamba mgonjwa anayeenda kukatwa apewe divai iliyopikwa na huo mzizi ndio asisikie uchungu.

Hiyo karne ya 1 pia Josephus, yule mwanahistoria Myahudi, aliandika juu ya mzizi unaoitwa Baaras, mashariki ya Bahari ya Chumvi, wa kufukuza pepo, ambao wengi baadaye waliudhani ni mandragora. Ukiugusa vibaya unakufa, kwa hivyo unachimba kuzunguka mzizi mpaka ubaki umeshikilia kidogo tu, unafunga mbwa hapo, unaondoka, mbwa anakufuata anaung'oa na anakufa papo hapo badala yako. Hajataja nduru hata mara moja. Nduru ilikuja baadaye, na miaka mia kadhaa mbele Ulaya walikuwa bado wanachora mandragora na mbwa amefungwa kando yake. Kuna hata watu waliokuwa wanachonga mizizi ya mimea mingine iwe na sura ya mtu wanauza kama mandragora, na mimi nafikiri ukiwa muuzaji wa mzizi wa bei ghali ile hadithi ya kifo inakusaidia sana, hakuna mtu atakwenda kujichimbia.

Binamu akauliza kama inamea huku kwetu. Porini haimei, lakini dada yake yuko. Kuna gugu la datura linalomea kwa mahindi na kando ya boma, maua meupe kama tarumbeta na tunda lenye miiba lililojaa mbegu nyeusi, na sumu ni zile zile. Mwaka 2019 huko Karamoja, Uganda, watu karibu 300 waliugua na 5 wakafa baada ya kula chakula cha msaada kilichoingia hiyo sumu, walikuwa wanachanganyikiwa na kuona vitu havipo, yaani dalili zile za hadithi kabisa. Na hiyo atropini ndiyo daktari anamdunga mkulima aliyekunywa ama kuvuta aina fulani za dawa ya wadudu, inamrudisha. Kwa hivyo ukipalilia ukaona hilo tarumbeta jeupe ling'oe kabla mbegu ikomae, masikio huhitaji kuziba, nawa tu mikono, na mtoto akishakula mbegu mkimbize hospitali na ubebe tawi lake daktari alione.