Mpango wa Uganda haukuwa wa Uganda

Kila uvamizi wa Entebbe wa 1976 unapotajwa, ule wa makomando wa Israel kukomboa mateka Uganda, hakosi mtu wa kudakia: "Mnajua Uganda ndiyo ingekuwa Israel?" Wenzake wanaitikia, na nusu yao tayari wameshamhamishia Netanyahu Kampala.

Mpango wa Uganda ni pendekezo la serikali ya Uingereza, mwaka 1903, la kuwatengea Wayahudi waliokuwa wakishambuliwa Urusi eneo la kuishi Afrika Mashariki. Maana yake ndiyo hiyo. Taabu iko kwenye jina.

Mwenye wazo alikuwa Joseph Chamberlain, Waziri wa Makoloni. Si Neville, aliyepatana na Hitler 1938. Huyo ni mwanawe, na ndiye aliyefika uwaziri mkuu ambao baba hakuupata. Joseph alitajirika kwa kiwanda cha skrubu huko Birmingham, akawa meya wa mji huo, akaingia bungeni, na mwaka 1895 akaichagua mwenyewe wizara ya makoloni, ambayo wakubwa wengine hawakuihangaikia sana. Desemba 1902, akielekea Afrika Kusini baada ya Vita vya Makaburu, alishuka Mombasa akapanda gari moshi kwenda bara. Aprili iliyofuata alimwambia Theodor Herzl, kiongozi wa Wazayuni, yaani Wayahudi waliotaka nchi yao wenyewe, kwamba ameona nchi kwa ajili yao: pwani ni joto, lakini ndani hali ya hewa inawafaa hata Wazungu. Akaiita Uganda.

Hapo ndipo kosa lilipozaliwa, na si la kijinga kama linavyoonekana. Reli aliyopanda iliitwa Reli ya Uganda, ingawa ilikomea Kisumu. Tena Kisumu, Nakuru na nyanda za Uasin Gishu zilikuwa Uganda kweli, kwa kuwa mkoa wake wa mashariki ulifika hadi Naivasha. Tarehe 1 Aprili 1902 mkoa huo ukahamishiwa Himaya ya Afrika Mashariki, yaani Kenya ya baadaye, ili reli nzima iwe chini ya utawala mmoja. Waziri alipita miezi minane baadaye, na jina la zamani bado liko mdomoni. Barua rasmi ya 14 Agosti 1903 haikukosea: ilitaja Himaya ya Afrika Mashariki.

Mwezi huohuo, mkutano wa Wazayuni mjini Basel ulipiga kura 295 kwa 178 kutuma watu wakaikague nchi. Waliotumwa walikuwa watatu, wakapelekwa nyanda za Uasin Gishu. Walowezi Wazungu, Lord Delamere akiwa mbele, walikuwa wameshaanza kupiga kelele. Wenyeji hawakuulizwa na yeyote. Mwaka 1905 mkutano uliofuata ukakataa. Uasin Gishu wakaja Makaburu, 1908, na mji ukaota kwenye shamba namba 64. Ndiyo Eldoret, ambayo wazee wa huko bado wanaiita Sisibo, yaani "sixty-four".

Kwa hiyo jina tuliache, limeshazoeleka. Ila anayelitumia akumbuke kwamba ardhi yenyewe iko Kenya. Na lile la "kupewa nchi" nalo lipunguzwe kidogo: barua ilizungumzia makazi yenye ofisa Myahudi wa kusimamia mambo ya ndani, chini ya mamlaka ya Uingereza. Dola haikuahidiwa.