"Bad" si "mbaya" tu, na kamusi haijawahi kusema hivyo

Nimerudishiwa tena tafsiri iliyopigwa mstari mwekundu. Sentensi ilimhusu Mike Tyson, bondia aliyepewa sifa ya "the baddest man on the planet". Mimi niliandika "mbabe asiye na mpinzani duniani", na mhariri akafuta akaweka "mtu mbaya kuliko wote duniani", kwa hoja kwamba kamusi inasema "bad" ni "mbaya" na kwamba maana nyingine yoyote ni uhuni wa mitaani usiofaa kuandikwa. Hoja hii nimekutana nayo mara nyingi mno, na sasa naona ni lazima ijibiwe kikamilifu.

Kamusi yenyewe haisemi hivyo. Yai likiwa "bad" ni viza, deni likiwa "bad" ni chechefu, mguu ukiwa "bad" unauma, na mtu akihitaji kitu "bad" anakihitaji sana. Maana zote hizo zimo katika kamusi za kawaida, na hakuna hata moja ambayo "mbaya" inaitosheleza.

Linaloniudhi zaidi ni imani kwamba maana nambari moja ndiyo maana halisi na zile zinazofuata ni upotovu wake. Kamusi kuu ya Oxford hupanga maana kwa historia, ya kale ikitangulia, na ile ya Merriam-Webster hufuata utaratibu huohuo, ilhali kamusi za wanafunzi huanza na maana ambayo mwanafunzi ana uwezekano mkubwa wa kukutana nayo. Nambari moja, basi, inaonyesha umri au wingi wa matumizi, wala si usahihi. Kama ukale ungekuwa ndio usahihi, anayeambiwa ni "nice" angepaswa kukasirika, kwa sababu neno hilo liliingia katika Kiingereza kutoka Kifaransa cha kale likiwa na maana ya mpumbavu, na asili yake ya Kilatini, "nescius", ni mtu asiyejua.

Turudi kwenye "baddest", kwa maana hapa ndipo wanaodharau lugha ya mitaani wanapokosea zaidi. Wanadai kwamba umbo hilo ni kosa la sarufi, kwamba msemaji alishindwa kukumbuka "worst", yaani "mbaya kuliko wote". Hebu tazama tofauti: mchezaji akiitwa "the worst" amedharauliwa, akiitwa "the baddest" amesifiwa. Msemaji yuleyule hutumia maumbo yote mawili, kila moja kwa kazi yake, na hachanganyi. Huo ni utaratibu wa sarufi, tena ulio makini, kwa kuwa umbo peke yake linatosha kumwambia msikilizaji ni maana ipi inayokusudiwa. Isitoshe, "badder" na "baddest" yalikuwa maumbo ya kawaida tangu karne ya 14 hadi ya 18, na mwandishi Mwingereza Daniel Defoe aliyatumia. "Worse" na "worst" ndiyo yaliyohamia baadaye, yakitoka kwenye maneno "evil" na "ill". Kwa hiyo umbo linaloitwa sanifu ndilo lililoazimwa, na lile linaloitwa kosa lina mizizi mirefu.

Hata hivyo, sikubaliani na wale wanaokimbilia upande wa pili na kuandika kwamba katika Kiingereza cha Wamarekani weusi "bad" ni "nzuri". Tarehe 25 Februari 1964, mjini Miami Beach, Cassius Clay, ambaye muda si mrefu baadaye angeitwa Muhammad Ali, alimshinda bondia mwenzake Sonny Liston na kupaza sauti: "I'm a bad man!" Hakuwa akisema kwamba yeye ni mtu mwema. Neno hilo linabeba sifa na tishio kwa pamoja, na ukiliondolea tishio umeliua. Kiswahili kina njia yake kwa jambo hili: tunasema mchezaji ni mkali, tunasema fulani ni kiboko yao, na hakuna anayedhani kwamba tumemtukana wala kwamba tumesema ni mpole. Mfasiri mwenye "mkali", "kiboko" na "mbabe" mkononi hana sababu ya kung'ang'ania "mbaya" wala "mzuri".

Kuhusu asili ya matumizi haya nina shaka ambayo vitabu vingi huificha. Mwaka 1972 mwanaisimu David Dalby alionyesha kwamba Kibambara, lugha ya Afrika Magharibi, husema kitu ni kizuri "vibaya", yaani kizuri mno, na tangu hapo wengi wamelichukua hilo kama uthibitisho kwamba "bad" ya sifa ilitoka Afrika. Ulinganifu huo unanivutia, lakini lugha nyingi hugeuza maneno ya ubaya kuwa sifa bila kuazima popote. Sisi wenyewe husema "hatari" kwa kustaajabia.

Shaka yangu nyingine ni juu ya alama ya misimu, yaani maneno ya mitaani, ambayo kamusi hulibandika neno hili. Shuleni tunafundishwa kwamba misimu huzuka na kutoweka. "Bad" ya sifa imo katika maandishi ya mwandishi Mmarekani George Ade ya mwaka 1897, na bado inatumika. Ningekuwa mimi ndiye ninayeandaa kidahizo hicho, yaani neno hilo na maelezo yake katika kamusi, ningeiwekea alama ya matumizi yasiyo rasmi, na ningetaja waziwazi kwamba katika maana hiyo ulinganishi wake ni "badder" na "baddest".